Jinsi ya Kutengeneza Filamu ya Hali Halisi Kuhusu Mashabiki wa Filamu za Kutisha: Mwongozo Kamili

Shabiki wa filamu za kutisha amelizoea swali moja tangu utotoni: raha yake iko wapi? Huulizwa na wazazi, na marafiki, na wachumba, na siku moja huulizwa na mtu aliyekuja na kamera, ambaye kwa kawaida ameshajijibu moyoni kabla hata ya kuwasha taa. Ndiyo maana makala nyingi kuhusu mashabiki hawa zinafanana. Kuna kinyago kimoja cha kuogofya, kuna mtu aliyechora mkononi tatuu ya muuaji wa kubuni, kuna mtaalamu wa saikolojia aliyeketi mbele ya rafu ya vitabu, na chini yao wote kuna muziki wa kutetemesha. Mtazamaji huondoka na kilekile alichokuja nacho.

Mwongozo huu ni wa mtu anayetaka kutengeneza filamu iliyo tofauti na hizo, awe anaanza na kamera moja ya kuazima au ana kikundi cha watu wanne. Msimamo wangu nauweka wazi mapema, kwa sababu hatua zote zinazofuata zinautegemea: ushabiki wa filamu za kutisha ni utamaduni wa kazi za mikono na wa kutunza kumbukumbu. Watu hawa hukusanya, hurekebisha, hufinyanga, hushona, huhifadhi, hubishana kuhusu tarehe, na husafiri mbali kwenda kusimama mahali ambapo tukio fulani lilipigwa picha. Ukiwarekodi wakifanya hayo, swali la "kwa nini" hujibiwa bila kuulizwa. Ukianza na "kwa nini", utapewa majibu ambayo wameshayatoa mara mia.

Hatua ya 1: Zijue koo kabla ya kubisha hodi

Hakuna kundi moja la mashabiki wa filamu za kutisha. Kuna koo kadhaa, zenye undugu na zenye ugomvi, na kila ukoo una historia yake.

Ukoo wa kwanza ni wa wasomaji wa majarida. Mwaka 1958 jarida la Famous Monsters of Filmland lilianza kutolewa nchini Marekani chini ya uhariri wa Forrest J Ackerman, ambaye nyumba yake huko Los Angeles ilijaa vinyago, mabango na vifaa vya filamu, naye akawa anawafungulia mashabiki mlango waje kutazama. Watoto waliosoma jarida hilo walijifunza jambo ambalo jumba la sinema halikuwafundisha: kwamba zimwi ni kazi ya fundi, na fundi huyo ana jina. Jarida la Fangoria, lililoanza mwaka 1979, lilisonga mbele zaidi kwa kuwafanya watengenezaji wa majeraha na damu bandia wajulikane kama waigizaji wenyewe. Ukimkuta shabiki wa umri wa makamo anayetamka jina la Tom Savini, mmoja wa mafundi hao, kwa heshima, hapo ndipo heshima hiyo ilipotoka.

Ukoo wa pili ni wa kanda za video. Nchini Uingereza, hofu ya umma kuhusu filamu za ukatili zilizokuwa zikiuzwa na kuazimwa bila kukaguliwa ilizaa sheria ya mwaka 1984 iliyolazimisha kanda zipewe daraja la umri, na kwa jumla majina 72 yalipata kuorodheshwa na ofisi ya mwendesha mashtaka kuwa ya kushtakiwa. Orodha iliyokusudiwa kuwaonya watu ikawa orodha ya kuwindwa. Vijana walinakili kanda kutoka kwa wenzao, nakala ya nakala, mpaka rangi zikafifia na nyuso zikawa vivuli, na vijarida vya mashabiki vilivyochapwa kwa fotokopi vikawa ndiyo njia ya kujua nani ana nini. Wengi wa watu hao wako hai na bado wana kanda zao. Kwa maoni yangu hakuna ukoo wenye simulizi nono kuliko huu, kwa sababu mapenzi yao yalichanganyika na woga wa kukamatwa.

Kisha kuna mahujaji. Wapo waendao kwenye makaburi ya Evans City, Pennsylvania, kulikopigwa picha mwanzo wa Night of the Living Dead ya mwaka 1968, na kwenye jengo la maduka la Monroeville lililotumika katika Dawn of the Dead ya mwaka 1978. Wapo wanaopanda ngazi ndefu za mawe za Georgetown, jijini Washington, zilizoonekana katika filamu ya The Exorcist. Ukiuchagua ukoo huu, usiwasahau wenyeji. Mji mdogo wa Burkittsville, Maryland, ulivamiwa na wageni baada ya The Blair Witch Project, filamu ambayo kisa chake kimewekwa hapo, kutoka mwaka 1999, na vibao vya kuingilia mjini viliibwa na mashabiki waliotaka ukumbusho. Hija ya mtu mmoja ni kero kwenye uwanja wa nyumba ya mwingine, na filamu inayoonyesha pande zote mbili ina uhai.

Wengine nitawataja kwa kifupi: wanaoendesha nyumba za kutisha za msimu, wanaojipaka na kutembea mitaani kama mazombi, wanaohudhuria matamasha kama Sitges ya Katalonia iliyoanza mwaka 1968 au FrightFest ya London iliyoanza mwaka 2000, na kizazi kipya kinachobuni visa vya kutisha mtandaoni kwa pamoja bila kujali ni nani mwenye kisa.

Hatua ya 2: Chagua ukoo mmoja, mahali pamoja, na msimu mmoja

Kosa la kawaida ni kutaka kuwaingiza wote. Ukifanya hivyo utapata orodha ya watu wa ajabu, na orodha haibebi dakika 80. Chagua ukoo mmoja, kisha tafuta ndani yake jambo lenye mwanzo na mwisho ambalo lingetokea hata kama wewe usingekuwepo: nyumba ya kutisha inayojengwa kuanzia mbao za kwanza hadi usiku wa mwisho, mkusanyaji anayejaribu kuokoa kanda 2,000 kabla hazijaoza, wasichana watatu wanaotengeneza kinyago kwa ajili ya shindano la tamasha. Msimu huo ndio uti wa mgongo wa filamu, nawe hutalazimika kubuni mvutano.

Nina kipimo kimoja ninachokitumia kabla ya kukubali wazo lolote la aina hii. Ninajiuliza kama ninaweza kutaja watu watatu ambao ningeweza kuwatazama kwa dakika 10 wakifanya jambo bila kusema neno. Nikishindwa, wazo hilo ni la mazungumzo ya redio, na pengine litakuwa zuri zaidi huko.

Katika kuchagua wahusika, jihadhari na mtu anayejitokeza wa kwanza. Huyo kwa kawaida amezoea kuhojiwa, ana majibu ya tayari na vazi la tayari. Mwombe akuelekeze kwa yule anayemwona kuwa anajua zaidi kuliko yeye. Angalia pia kwamba filamu moja huwa si ileile kwa kila shabiki. Katika Night of the Living Dead, shujaa aliigizwa na Duane Jones, mwigizaji Mweusi, na mwishoni shujaa huyo anauawa kwa risasi na kundi la wanaume Weupe wenye bunduki waliomdhania kuwa zombi. Shabiki mmoja atakusimulia habari hiyo kama mwisho wa kikatili wa kisanaa. Mwingine atanyamaza kidogo kabla ya kukusimulia alivyoitazama akiwa na baba yake. Ukiwa na mmoja tu kati yao, una nusu ya filamu.

Hatua ya 3: Ingia bila kamera

Tenga wiki kadhaa za kukaa nao kabla ya kurekodi chochote. Tazama filamu pamoja nao, mahali wanapozitazama, kwa saa wanazozitazama. Usijifanye shabiki kama si shabiki, kwa sababu utajulikana ndani ya dakika tano. Sema ukweli kwamba unajifunza, kisha ujifunze kwa dhati: jua tofauti kati ya toleo lililokatwa na lisilokatwa, jua ni kwa nini mtu atanunua filamu ileile mara nne, jua ni fundi gani aliyetengeneza kichwa kipi. Kwao maarifa ndiyo salamu.

Katika wiki hizo sikiliza wanavyocheka. Watu wa nje hudhani ukumbi unaoonyesha filamu ya kutisha ni ukumbi wa mayowe, ilhali katika tamasha la mashabiki utasikia zaidi vicheko na makofi, hasa kichwa kinapokatwa kwa ufundi mzuri. Wanaipigia makofi kazi. Andika katika daftari lako nyakati hizo, kwa sababu baadaye zitakuonyesha pa kuiweka kamera.

Soma pia utafiti, ili usibebe dhana za zamani. Katika Chuo Kikuu cha Aarhus, Denmark, watafiti wakiwemo Mathias Clasen na Marc Malmdorf Andersen waliwapima watu 110 mapigo ya moyo walipokuwa wakipita katika nyumba ya kutisha, na matokeo yaliyochapishwa mwaka 2020 yalionyesha kwamba raha ilikuwa kubwa zaidi pale woga ulipokuwa wa wastani: ukipungua sana watu huchoka, ukizidi sana raha huisha. Utafiti mwingine ulioongozwa na Coltan Scrivner, uliochapishwa mwaka 2021, uliwakuta mashabiki wa filamu za kutisha wakiripoti msongo mdogo zaidi wa kisaikolojia katika miezi ya mwanzo ya janga la UVIKO-19 kuliko wasio mashabiki. Matokeo hayo hayathibitishi kwamba filamu za kutisha humponya mtu, na usiyatumie hivyo. Yatumie wewe mwenyewe, kama kinga dhidi ya kuingia kwenye nyumba ya mtu ukitafuta ugonjwa.

Hatua ya 4: Ridhaa, siri na usalama

Hati ya ridhaa iandikwe kwa lugha nyepesi na isomwe kwa sauti mbele ya mhusika kabla hajatia saini. Iseme filamu inahusu nini, itaonyeshwa wapi, na mhusika ana haki gani ya kubadili mawazo na hadi lini. Hayo ni ya kila filamu. Kwa mashabiki hawa kuna mambo manne ya ziada.

La kwanza ni ajira. Mwalimu wa chekechea anayetengeneza maiti bandia mwishoni mwa wiki hana kosa lolote, lakini mzazi mmoja mwenye hasira anaweza kumharibia kazi. Mwulize waziwazi kama mwajiri wake anajua, na mpe chaguo la kutumia jina la kwanza tu au la kutoonyeshwa uso. Filamu inaweza kuishi bila nyuso: Room 237 ya mwaka 2012, inayohusu watu wanaofasiri filamu ya kutisha ya The Shining kwa njia zao, inawasikilizisha wahojiwa wake kwa sauti tu na haiwaonyeshi kabisa.

La pili ni mali. Mabango ya kale, kanda adimu na vifaa halisi vya filamu vina thamani kubwa sokoni. Usionyeshe sura ya nje ya nyumba, namba yake, aina ya kufuli wala mtaa wenyewe, na usitangaze tarehe ambazo mwenye nyumba atakuwa safarini. Siku unapopiga picha nje, geuza kamera upande wa bustani.

La tatu ni vinyago. Mtu aliyevaa kinyago ni mtu, na lazima awe ametia saini. Katika maandamano ya mazombi yenye mamia ya watu haiwezekani kumfuata kila mmoja, kwa hiyo weka mabango makubwa ya taarifa kwenye njia za kuingilia, lakini yeyote atakayeonekana kwa karibu au atakayesema neno apate hati yake.

La nne ni watoto, na hapa sitaki mtu apite haraka. Mwaka 2014, huko Waukesha, Wisconsin, wasichana wawili wenye umri wa miaka 12 walimchoma mwenzao kisu mara nyingi, wakisema walifanya hivyo kwa ajili ya Slender Man, kiumbe aliyebuniwa mtandaoni mwaka 2009 katika shindano la kuhariri picha. Msichana yule alinusurika. Tukio hilo limetumiwa tangu wakati huo kuusemea vibaya ushabiki mzima, na kila shabiki kijana utakayekutana naye anajua kwamba unaweza kumwuliza habari zake. Ukiligusa, ligusie kwa ukamilifu, pamoja na habari za ugonjwa wa akili zilizozingatiwa mahakamani. Ukikosa nafasi ya kufanya hivyo, liache. Na mtoto yeyote arekodiwe kwa ridhaa ya mzazi na yake mwenyewe, zote mbili, mzazi akiwa chumbani.

Hatua ya 5: Hakimiliki, kabla ya kubonyeza kitufe cha kurekodi

Hapa ndipo filamu nyingi kuhusu mashabiki hufia. Kila ukuta una bango, kila fulana ina picha, kila runinga ina kipande cha filamu ya mtu. Panga mapema utakachofanya.

Sheria hutofautiana baina ya nchi na nchi. Marekani kuna kanuni ya matumizi ya haki, ambayo huruhusu kutumia sehemu ya kazi ya mwingine kwa uhakiki au ufafanuzi, na mwaka 2005 watengenezaji wa filamu za hali halisi nchini humo walichapisha tamko la mwenendo bora linaloeleza jinsi wanavyoielewa. Kwa kifupi, kipande ulichokitumia lazima kifanye kazi mpya: mhojiwa anasema kwamba kamera katika tukio fulani haionyeshi kisu kikiingia, nawe unaonyesha sekunde hizo ili mtazamaji aone mwenyewe. Kipande kilichowekwa kwa ajili ya kunogesha tu hakina utetezi. Mpate mwanasheria anayejua filamu mapema, kwa sababu msambazaji atadai bima ya makosa na upungufu, yaani bima ya kukukinga na madai kama ya hakimiliki, na kampuni ya bima itadai maoni ya mwanasheria huyo kwa maandishi.

Lipo hazina moja ambalo mashabiki wanalijua vizuri. Night of the Living Dead ilitayarishwa kwa jina jingine, na msambazaji alipobadilisha jina kwenye filamu, tangazo la hakimiliki liliachwa nje. Kwa sheria ya Marekani ya wakati ule, kazi iliyochapishwa bila tangazo hilo iliangukia mikononi mwa umma. Ndiyo sababu filamu hiyo huonekana kwenye runinga za nyuma katika kazi nyingi za wengine. Unaweza kuitumia vilevile, ukichunga mambo mawili: hali hiyo ni ya Marekani, na nakala iliyorekebishwa upya inaweza kuwa na haki zake. Tafuta nakala ya zamani.

Kwa vitu vingine, waombe wahusika wakuonyeshe walivyotengeneza wenyewe. Mchoro wa shabiki, kinyago chake, kijarida alichokichapa akiwa na miaka 16, vyote hivyo ni vyake na anaweza kukupa ruhusa papo hapo. Tena ni vizuri zaidi kuliko bango.

Hatua ya 6: Kurekodi

Gizani. Vyumba vya mashabiki huwa na mwanga hafifu, na kishawishi ni kuongeza taa nyekundu. Usiiweke. Kama mhusika anakaa chini ya taa ya kijani kila usiku, irekodi hivyo. Kama jikoni kwake kuna mwanga wa jua na kichwa bandia kinakauka kando ya sahani, huo mwanga wa jua ni dhahabu. Tumia lenzi inayofungua hadi f/1.8 au namba ndogo kuliko hiyo, ili iingize mwanga mwingi, na uweke kasi ya shata, yaani muda ambao kila picha hupokea mwanga, kulingana na umeme wa mahali: 1/50 ya sekunde penye umeme wa hezi 50, 1/60 penye hezi 60, la sivyo taa zitapepesa kwenye picha. Runinga za kizamani za kioo kizito huacha mstari mweusi unaotembea. Badilisha shata kidogokidogo mpaka mstari utulie.

Sauti. Mayowe huharibu rekodi nyingi kuliko kitu kingine chochote. Weka kilele cha mazungumzo kwenye desibeli hasi 12, na kama kinasa sauti chako kinaruhusu, rekodi mkondo wa pili wa sauti hiyohiyo ulioshushwa zaidi, ili mtu akipiga kelele ghafla uwe na akiba. Rekodi sekunde 60 za ukimya wa kila chumba. Na anayevaa kinyago arekodiwe kabla hajakivaa, kwa sababu mpira huizima sauti na kukitoa kunaweza kuharibu kazi ya saa nzima.

Ndani ya nyumba ya kutisha, omba kupitishwa mchana taa zikiwa zimewashwa. Jua milango ya dharura iko wapi, jua nyaya zimepita wapi, na ukubaliane na waigizaji mahali utakaposimama ili usiwe kizuizi wala usigongwe. Wageni hawajui kwamba utakuwepo, waarifiwe mlangoni. Rekodi nyuso zao, kisha ugeuke urekodi uso wa mwigizaji sekunde tatu baada ya mgeni kukimbia, anapovuta pumzi na kurudi kwenye kona yake kumngoja mwingine. Kwangu picha hiyo ina thamani kuliko mayowe yote.

Kazi za mikono zinahitaji muda. Urembaji kamili wa zimwi unaweza kuchukua saa tatu au nne, na ni lazima uwepo tangu mwanzo. Kaa karibu na ukingo wa kipande cha silikoni kinapobandikwa shavuni: ukingo huo ni mwembamba kuliko ngozi ya kitunguu, na fundi huuyeyusha kwa kijiti chenye pamba iliyochovywa spiriti, akiupapasa polepole kwa mizunguko midogo mpaka usijue ngozi ya mtu imeishia wapi. Wakati huo huwa hapumui vizuri. Usimwulize swali. Weka kamera kwenye miguu yake mitatu, lenzi ya karibu, na uache dakika nne zipite.

Vivyo hivyo kwa kanda. Mkusanyaji makini haiweki kanda kwenye mashine mara aipatapo. Anaishika kwenye mwanga, anachungulia kwenye kidirisha, anatafuta unga mweupe kwenye kingo za utepe, anafungua kifuniko cha mbele na kunusa. Unga huo ni ukungu, na kanda yenye ukungu ikichezwa huchafua vichwa vya mashine na kuziambukiza zinazofuata. Rekodi kidole gumba kikifungua kile kifuniko. Mtazamaji asiyejua lolote kuhusu filamu za kutisha ataelewa kwamba anamtazama mtunza nyaraka akiwa kazini.

Hatua ya 7: Mahojiano

Mhoji kila mhusika mara mbili, mwanzoni na mwishoni mwa msimu, na uwe na kitu mikononi mwake. Mpe kanda, kinyago, tiketi ya zamani. Mtu mwenye kitu mkononi hukitazama badala ya kuitazama lenzi, na maneno hutoka kwa mwendo wa kawaida.

Anza na swali linalodai maelezo ya tukio: "Nieleze chumba ulichokuwemo ulipoitazama mara ya kwanza, nani alikuwepo?" Kisha: "Ni kipande gani unachokifumba macho hadi leo?" Hili la pili hufungua mengi, kwa sababu kila shabiki ana mpaka wake, wengi hawavumilii kuona mnyama akiumizwa, na mpaka huo ndio unaoonyesha kwamba anajua vizuri tofauti ya mchezo na uchungu. Swali la tatu ninalolipenda: "Ukifa, vitu hivi vitaenda kwa nani?" Mwombe arudie swali ndani ya jibu ili uweze kuondoa sauti yako baadaye, na akimaliza kusema, hesabu moja hadi tano kimoyomoyo kabla ya kuuliza tena. Mambo mengi mazuri hutoka kwenye hesabu hiyo.

Usimwulize mtu kama aliwahi kuumizwa utotoni. Wapo watakaokuambia wenyewe, kwamba zimwi la kwenye skrini lilikuwa na mwisho ilhali la nyumbani halikuwa nao. Akikuambia, msikilize, na siku ya pili umwulize bila kamera kama bado anaridhia kipande hicho kitumike.

Hatua ya 8: Uhariri

Nakili mahojiano yote kwa maandishi, yachapishe, uyakate vipande kwa mkasi na kuyapanga sakafuni kabla ya kugusa programu ya uhariri. Panga kwa mfuatano wa msimu kwanza. Ukitaka kuvuruga wakati, fanya hivyo baadaye na kwa sababu.

Hapa nina ombi zito. Usiwatumie wahusika wako mbinu za filamu za kutisha. Fidla inayolia chini ya sauti ya mtu anayeeleza mkusanyiko wake, picha iliyopigwa kutoka chini ili awe mkubwa, mlango unaofunguka taratibu kabla hajaonekana: mbinu hizo zina maana moja tu katika lugha ya sinema, kwamba huyu ni hatari. Mashabiki wanaijua lugha hiyo kuliko wewe, na watajua umewafanya nini. Mhusika akionekana kwa mara ya kwanza, aonekane akifanya kazi, katika mwanga wake, kwa kimo cha macho yake.

Katika vipande vya filamu na vya taa za kumetameta, hakikisha hakuna sehemu yenye mimweko zaidi ya mitatu kwa sekunde, kwa sababu inaweza kumsababishia kifafa mtazamaji mwenye udhaifu huo. Mashirika ya utangazaji hupima jambo hili na huikataa filamu iliyozidisha. Vipande vya damu viwe vifupi kuliko unavyodhani. Sekunde mbili hutosha kueleza ufundi.

Hatua ya 9: Onyesho la kwanza ni lao

Kabla ya kuifunga filamu, waonyeshe wahusika. Waeleze mapema kwamba uamuzi wa mwisho wa uhariri ni wako, lakini makosa ya ukweli watayasahihisha, na yatakuwepo. Watakuonyesha kwamba bango ni la toleo la Italia, kwamba picha ya filamu fulani imekatwa pande zote mbili, kwamba mwaka uliouandika ni wa kutolewa na si wa kupigwa picha. Andika yote, sahihisha yote. Mashabiki wengine duniani watakapoitazama, kosa moja la tarehe litawafanya waache kuyaamini na mengine yaliyo sahihi.

Baada ya hapo peleka filamu kwenye matamasha ya aina mbili, ya filamu za hali halisi na ya filamu za kutisha, ukizingatia kwamba baadhi hudai wawe wa kwanza kuionyesha. Katika tamasha la filamu za kutisha omba nafasi ya wahusika kupanda jukwaani pamoja nawe.

Rekodi zote ziwe na nakala tatu, kwenye vyombo vya aina mbili tofauti, moja ikiwa mbali na nyumba yako. Na uwapelekee wahusika diski yenye mahojiano yao kamili, pamoja na yale ambayo hukuyatumia. Yule mkusanyaji wa kanda ataiandikia lebo, ataipa namba, na kuiweka rafuni.